Mzazi Aliyejenga Shule Asinyimwe Mlango wa Mahakama

Mtu apitaye njia ya Songea kwenda Mbinga hufika Kigonsera, mahali penye historia ndefu ya elimu. Wamisionari Wabenediktini walifungua misheni hapo mwaka 1899, na katika seminari yake alipata kusoma Benjamin Mkapa, ambaye baadaye alikuwa Rais wa awamu ya tatu. Basi hakuna haja ya kumhubiria mkulima wa Umatengo faida ya shule. Yeye huuza kahawa yake akatoa mchango. Hufyatua tofali, huchoma tanuri, husomba mawe na mchanga. Shule nyingi za vijiji, toka milima hiyo mpaka Liuli na Mbamba Bay kwenye mwambao wa Ziwa Nyasa, zimesimama kwa jasho la namna hiyo.

Swali letu la leo ni hili. Mtu aliyejenga shule kwa mikono yake, je, anayo haki ya kudai kwamba shule hiyo isimwue mwanawe? Na wenye madaraka wasipomsikiliza, anayo haki ya kwenda mahakamani kwa ajili ya watoto wote? Sisi twajibu: Naam, anayo.

Hatari yenyewe si ya kubuni. Juni 1994 moto uliteketeza bweni la sekondari ya Shauritanga, Rombo, ukaua wasichana zaidi ya 40. Agosti 2009 moto mwingine uliua wasichana 12 huko Idodi, Iringa. Septemba 2019 jirani zetu wa Kenya walizika watoto 8 walioangukiwa na madarasa jijini Nairobi. Wala watu wa Nyasa wasidhani kuwa wako mbali na balaa la tetemeko: Desemba 2009 ardhi ilitikisika Karonga, upande wa pili wa ziwa hilo hilo, na nyumba zikaanguka.

Katiba yetu ya mwaka 1977, katika ibara ya 14, yasema kila mtu anayo haki ya kuishi. Ibara ya 26 yampa kila mtu haki ya kuchukua hatua za kisheria ili kuhakikisha hifadhi ya Katiba na sheria za nchi. Mwaka 1994, katika shauri la Mchungaji Christopher Mtikila, Jaji Lugakingira wa Mahakama Kuu alikubali kwamba raia aweza kusimama mahakamani kwa manufaa ya umma. Lakini mwaka 2020 Bunge liliweka sharti kwamba mdai aeleze kwa kiapo jinsi yeye mwenyewe alivyoathirika, na sharti hilo likaleta ubishi mkubwa hata mahakamani.

Twafahamu hoja ya waliotaka sharti hilo: mahakama isijazwe kesi za watu watafutao sifa. Lakini katika jambo la majengo ya shule hoja hiyo haifai. Mtoto aliyekwisha kuangukiwa na ukuta hawezi kula kiapo. Kungoja mpaka mtu aathirike ni kungoja msiba, na sheria iliwekwa ili kuuzuia.

Tutazame India. Julai 2004 moto uliua watoto zaidi ya 90 katika shule moja ya Kumbakonam. Raia mmoja akapeleka shauri katika Mahakama Kuu Kabisa ya nchi hiyo, na mwaka 2009 mahakama ikaamua kwamba haki ya mtoto kupata elimu ni pamoja na haki ya kusoma mahali pa salama. Ikaamuru shule ziwe na vyombo vya kuzimia moto, na majengo yakaguliwe kabla ya shule kupewa kibali. Serikali ya India haikuanguka kwa amri hiyo.

Wako watakaosema kwamba fedha ni haba. Kweli, ni haba. Lakini hatudai majumba ya fahari. Twadai tofali zile zile na saruji ile ile zitumike chini ya jicho la mhandisi, naye atie sahihi yake kabla watoto hawajaingia. Maadamu mali ni chache, ni dhambi kubwa zaidi kuijengea ukuta utakaobomoka.

Basi yapasa kamati za shule ziandike kila ufa na kila paa lililolegea, zipeleke barua kwa serikali ya kijiji na Halmashauri, na kuweka nakala. Mahakama ni mlango wa mwisho. Lakini mlango wa mwisho hauna budi kuwa wazi, la sivyo ile milango ya kwanza haitafunguliwa na mtu.

Nanyi wanachama, mkimwona mzazi wa Kigonsera anashika njia ya mahakamani kwa ajili ya shule, msimwite adui wa maendeleo. Tofali zile alizifyatua yeye. Msindikizeni.