Tunachezesha midomo tu

Nilipoacha chuo nilibaki na bedsita hapa Lurambi na simu. Juzi malaria ikanilaza siku nne. Grupu la ploti lilijaa "pole" na emoji za maombi, lakini mlango wangu haukubishwa hata mara moja.

Nikakumbuka Mindenki, filamu fupi ya Hungary ya Kristóf Deák iliyoshinda Oscar 2017. Mwalimu wa kwaya anamwambia msichana mgeni achezeshe midomo tu, asitoe sauti. Yuko katikati ya wenzake, na bado yuko peke yake.

Msee, ndiyo sisi hao. Hata mimi: jirani alipofiwa nilituma emoji, na kwetu matanga watu hukesha kwenye moto. Kinachotutenganisha ni ukuta mmoja! Vijana, tubishe hodi. Jana nilibisha kwake. Alikuwa hajala.