Anayelima mpakani anatulinda sisi wote



Sisi tunaolima kandokando ya paraki ya Virunga tunajua vema ile kelele ya usiku. Mbwa wanabweka, mtu anapiga sufuria, mwingine anapiga bidoni, jirani anaita: «Wamefika!» Asubuhi mahindi yamelala chini, migomba imepasuliwa, na watoto wanasinzia darasani juu walikesha shambani pamoja na wazazi. Kila msimu ni paka vile. Na kila msimu tunasema: mwaka ujao tutapiga sufuria kwa nguvu zaidi.

Kwa maoni yetu, hapo njo tunapokosea. Tembo ni mnyama wa kukumbuka. Kelele isiyomfanya kitu ataizoea: leo anakimbia, kesho anasimama kidogo, baada ya siku chache anaendelea kula. Yeye amesoma maisha yetu. Na sisi tusome yake.

Tuanze na tumbo. Tembo mkubwa anaweza kula kilo 150 kwa siku, na zaidi ya nusu ya chakula hicho inatoka na mavi bila kumfaidia. Njo maana anakula saa nyingi, mchana na usiku, na analala kidogo sana. Majani ya porini ni magumu, mahindi yetu ni laini na matamu. Pua yake ni ya ajabu: shamba likianza kukomaa, anapata habari toka mbali. Hatuchukii. Anatafuta chakula kizuri karibu, sawa sisi.

Kisha familia. Majike wanaishi pamoja na watoto wao, wakiongozwa na jike mzee. Mimba ni miezi 22, na mpaka mtoto mwingine inapita miaka minne ao mitano. Kwa hiyo mama tembo hachezi na mtoto wake. Ukimkaribia na mwenge, anaweza kukuua. Madume wanatoka katika familia wakifika miaka 12 mpaka 15 hivi, wanatembea peke yao ao wawili watatu. Mara nyingi hao njo wezi wa mashamba, juu wanathubutu zaidi.

Nyayo zinaweza kukuambia nani alikuja. Zungusha kamba kwenye alama ya mguu wa mbele: urefu wa ile kamba mara mbili ni karibu sawa na kimo cha tembo mpaka begani. Alama kubwa peke yake, fikiri dume. Alama nyingi na ndogo katikati, ni familia yenye watoto: wakirudi, kaa mbali.

Kuna wanaosema: «Tuue mmoja, wengine wataogopa.» Hapana. Sheria ya nchi inamlinda tembo, na tembo mwenye kidonda ni hatari kuliko mzima. Jike mzee akifa, wanabaki wadogo wasiojua maji wala njia. Tena wengine watakuja. Mwaka 2020 mamia ya tembo walitoka Queen Elizabeth kule Uganda wakaingia Virunga. Hawajui mpaka wa nchi, wala mpaka wa shamba.

Basi tufanye nini? Njia zipo. Kule Kenya, karibu na Tsavo, wakulima wanazungusha shamba kwa mizinga ya nyuki iliyofungwa kwenye waya mmoja, karibu kila metre 10. Tembo akigusa waya, mizinga inatikisika, nyuki wanatoka. Wanamchoma kwenye macho na ndani ya mkonga, na hasahau. Si dawa ya kila kitu: ukame ukija nyuki wanahama, na usiku wa baridi hawapendi kutoka. Kuna pia pilipili: tembo haili, na moshi wa pilipili uliochanganywa na mavi makavu ya tembo unamuwasha pua.

Lakini njia hizi zote zinakufa mtu akizifanya peke yake. Fulani akipanda pilipili mpakani, na jirani yake akapanda mahindi mpaka kwenye majani ya paraki, tembo atapita kwa jirani na kufika kwa wote. Na tusimlaumu huyo jirani. Ana kashamba kamoja tu. Mumwambie aache mahindi, watoto wake watakula pilipili?

Hapa njo neno letu. Anayelima mpakani anakesha kwa ajili yetu sote, na hasara ya kwanza ni yake. Ni haki sisi wa katikati tumlipe. Tunapendekeza hivi: koperative ipange kwamba mashamba ya mpakani yawe ya pilipili na mizinga, na kila mwanachama wa ndani, wakati wa mavuno, atoe kipimo cha mahindi kwa wale wa mpakani. Pilipili na asali ziuzwe kwa jina la koperative, faida irudi kwao kwanza. Wote tupande wiki moja na kuvuna wiki moja, mahindi yasibaki shambani miezi miwili yakimwita tembo. Na kuwe na daftari moja: siku, saa, nyayo, alipita wapi, alikula nini. Baada ya misimu miwili tutajua njia zake, na tukienda kuongea na wakubwa wa paraki, tutakuwa na maandiko mkononi, si malalamiko tu.

Wengine watauliza: debe moja la mahindi kwa jirani, si nyingi? Hesabuni mwaka jana tembo alikula madebe mangapi, na watoto walikosa masomo siku ngapi. Halafu mlete jibu kwenye mkutano mkuu, mbele ya kupanda.