Lamine Yamal: Wa kumdai ni wengi, wa kumlinda ni nani?

MASHABIKI wa Taifa Stars hawajamsahau Brahim Diaz. Januari 4, 2026 pale Rabat, ndiye aliyeifungia Morocco bao pekee lililoitoa Stars kwenye hatua ya 16 bora ya Afcon. Kisichokumbukwa sana ni kwamba Brahim kazaliwa Malaga, Hispania, na Juni 2021 aliivaa jezi ya Hispania dhidi ya Lithuania na akatupia bao. Machi 2024 akahamia Morocco, nchi ya asili ya upande wa baba yake.

Lamine Yamal naye baba yake ni Mmorocco. Naye kazaliwa na kukulia Hispania. Lakini yeye hata akiamka kesho na kutamani kuichezea Morocco, haiwezekani. Mlango umefungwa, na ulifungwa akiwa bado na miaka 16.

Winga huyo wa Barcelona anazungumzwa kila siku kwa chenga zake, pasi za nje ya mguu na mabao ya kuzungusha kutoka upande wa kulia. Kinachozungumzwa kidogo ni namna wakubwa walivyomgombania akiwa bado mtoto, na bili ambayo sasa inaletwa kwenye mwili wake.

MTOTO WA NCHI TATU

Lamine alizaliwa Julai 13, 2007 Esplugues de Llobregat, jirani na jiji la Barcelona. Baba yake, Mounir Nasraoui, anatoka Morocco. Mama yake, Sheila Ebana, anatoka Guinea ya Ikweta, nchi iliyotawaliwa na Hispania hadi 1968. Dogo kakulia Rocafonda, mtaa wenye wahamiaji wengi mjini Mataró. Ndiyo maana akifunga huonyesha kwa vidole namba 304, tarakimu tatu za mwisho za namba ya posta ya mtaa huo.

Asili yake hakuificha. Kwenye Euro 2024 alicheza na viatu vyenye bendera za Morocco na Guinea ya Ikweta, huku kifuani akiwa na nembo ya Hispania.

Barcelona ilimchukua 2014 akiwa na miaka saba. Aprili 29, 2023, kocha Xavi alimwingiza dhidi ya Real Betis akiwa na miaka 15 na siku 290. Kuanzia hapo ikawa mbio.

Morocco ilimtaka kweli kweli, na kocha wake wa wakati huo, Walid Regragui, hakulifanya siri. Ilikuwa na hoja nzito pia. Desemba 2022 kule Qatar ilikuwa timu ya kwanza ya Afrika kufika nusu fainali ya Kombe la Dunia, na njiani iliitoa Hispania yenyewe kwa penalti. Mkwaju wa mwisho ulipigwa na Achraf Hakimi, mzaliwa wa Madrid. Kati ya wachezaji 26 wa kikosi kile, 14 walizaliwa nje ya Morocco.

Lakini Hispania ilikuwa imetangulia. Lamine alikuwa ameshapita kwenye timu zake za vijana, na Septemba 8, 2023 kule Tbilisi kocha Luis de la Fuente alimtupa uwanjani dhidi ya Georgia, mechi ya kufuzu Euro. Hispania ilishinda 7-1 na dogo akafunga moja. Akiwa na miaka 16 na siku 57 akawa mchezaji mdogo zaidi kuichezea na kuifungia Hispania.

DAKIKA 13 ZILIZOKULA MIAKA

Tarehe hiyo ina historia yake. Miaka tisa kamili kabla, Septemba 8, 2014, Hispania ilicheza na Macedonia kufuzu Euro 2016. Dakika ya 77 aliingia kinda wa Barcelona mwenye asili ya Morocco, Munir El Haddadi, aliyekuwa na miaka 19 tu. Alicheza dakika kama 13. Hispania haikumwita tena kucheza timu ya wakubwa.

Morocco ilimtaka, naye akaitaka Morocco. Lakini ile ilikuwa mechi ya mashindano, na kwa kanuni za wakati huo dakika 13 zilitosha kumfunga maisha. Alikwenda hadi Mahakama ya Usuluhishi wa Michezo, CAS, akitaka aende Kombe la Dunia la 2018 na Morocco. Akakataliwa. Kombe likachezwa Russia, yeye akabaki kuangalia.

Septemba 2020 Fifa ililegeza kanuni. Sasa mchezaji anaweza kubadili nchi ikiwa hakucheza zaidi ya mechi tatu na timu ya wakubwa, za mashindano zote zikiwa kabla hajatimiza miaka 21, na ikiwa imepita angalau miaka mitatu tangu mechi ya mwisho. Ila kuna kufuli moja lisilofunguka: akishagusa uwanja kwenye fainali za Kombe la Dunia au za bara, kama Euro au Afcon, biashara imeisha. Munir alipata nafuu hiyo na kuanza kuichezea Morocco 2021. Tangu zile dakika 13 ilikuwa imepita zaidi ya miaka sita.

Upande wa mama yake Lamine nako wanaijua kanuni hii kwa machungu. Emilio Nsue, aliyewahi kuzichezea timu za vijana za Hispania, ndiye aliyekuwa mfungaji bora wa Afcon iliyochezwa Ivory Coast mwanzoni mwa 2024, akiwa na mabao matano kwa Guinea ya Ikweta. Mei mwaka huohuo Fifa ikasema hakuwa na sifa za kuichezea nchi hiyo, kwa sababu uhamisho wake haukukamilika kikanuni. Akafungiwa, na nchi ikapokonywa ushindi wa mechi mbili za kufuzu Kombe la Dunia.

Sasa mrudie Brahim. Mechi yake na Lithuania ilikuwa ya kirafiki, na ilichezwa na vijana kwa sababu kikosi cha wakubwa kilikuwa karantini ya corona. Mechi ya kirafiki haifungi mtu. Ndiyo tofauti yote kati yake na Munir wa 2014.

Lamine hana mwanya wa aina hiyo. Juni 15, 2024 mjini Berlin alianza dhidi ya Croatia kwenye Euro, akawa mchezaji mdogo zaidi katika historia ya michuano hiyo. Rekodi ile ilisherehekewa dunia nzima. Filimbi ileile ndiyo iliyofunga kufuli.

HAKUIBIWA, ALICHAGUA

Ni kosa kusema kijana huyu alidanganywa. Aliitwa, akakubali, na soka limemlipa. Nusu fainali dhidi ya Ufaransa alipiga shuti la mbali lililogonga nguzo na kuzama wavuni. Fainali, siku moja baada ya kutimiza miaka 17, alimpa Nico Williams pasi ya bao la kwanza, na Hispania ikaifunga England 2-1. Akaondoka na tuzo ya mchezaji bora kijana wa Euro. Akatwaa Kopa mara mbili mfululizo, 2024 na 2025, na kwenye Ballon d'Or ya 2025 akawa wa pili nyuma ya Ousmane Dembele.

Pasi ile kwa Nico ilisema mengi. Wazazi wa Nico walitoka Ghana, wakavuka Sahara hadi kufika Hispania. Kaka yake, Inaki, aliichezea Hispania mechi ya kirafiki 2016, kisha akaenda Kombe la Dunia la 2022 na Ghana. Mama mmoja, baba mmoja, bendera mbili. Hakuna aliyemsaliti mwenzake.

Kwa hiyo maneno ya vijiweni kwamba Lamine "kaikimbia Afrika" hayana mashiko. Kijana aliyeanza mpira Catalunya na kulelewa na makocha wa Hispania hajakimbia popote. Tena uchaguzi wake haukumpa kinga. Oktoba 26, 2024 Barcelona iliichapa Real Madrid 4-0 pale Bernabeu, Lamine akafunga moja, na jukwaani akatolewa maneno ya kibaguzi kiasi cha La Liga kupeleka malalamiko. Miezi mitatu baada ya kuipa nchi kombe, wapo Wahispania waliomwona mgeni.

MWILI UNADAI CHAKE

Hapa ndipo penye hatari. Lamine alitimiza mechi 100 za Barcelona Aprili 30, 2025, kwenye sare ya 3-3 na Inter Milan nusu fainali ya Ligi ya Mabingwa, na akafunga. Alikuwa na miaka 17. Mechi za taifa hazimo humo.

Barcelona wanajua njia hii inaishia wapi. Ansu Fati, mzaliwa wa Guinea-Bissau aliyekulia Hispania, alipewa uraia 2019 na mwaka uliofuata akawa mfungaji mdogo zaidi wa Hispania, rekodi ambayo Lamine aliivunja. Novemba 2020 akaumia goti. Akafanyiwa upasuaji mara kadhaa na hakurudi kuwa yule wa mwanzo. Pedri naye alicheza mechi 73 msimu wa 2020/21, zikiwamo za Euro na Olimpiki, kisha misuli ikamsumbua kwa muda mrefu. Jezi namba 10 aliyopewa Lamine Julai 2025 ndiyo ileile aliyoiacha Ansu.

Dalili zimeshaonekana. Septemba 2025 kocha wa Barcelona, Hansi Flick, alikuja juu hadharani akilalamika kwamba dogo alichezeshwa na Hispania akiwa na maumivu, kwa msaada wa dawa za kutuliza, katika mechi ambazo Hispania ilikuwa inaongoza kwa mabao mengi. De la Fuente akajibu. Novemba ikawa zamu ya shirikisho: Lamine alifanyiwa matibabu ya kinena siku ambayo kambi ya taifa inaanza, shirikisho likasema halikuarifiwa mapema, likamwondoa kikosini. Klabu na taifa wakarushiana mpira, na mwenye maumivu alikuwa na miaka 18.

Haki itendeke: si kosa la bendera peke yake. Aliyemwanzisha mapema ni Barcelona, klabu iliyokuwa na ukata na iliyohitaji vijana wa La Masia kuliko wakati wowote. Hispania nayo ilifanya la busara ilipomwacha apumzike Olimpiki ya Paris 2024.

Lakini kanuni inasukuma. Kinda mwenye nchi moja, kocha anaweza kusema "atakuja mwakani, aache mifupa ikomae." Kinda mwenye nchi mbili au tatu hasubiriwi, maana ukilegea kuna mtu mlangoni. Kila shirikisho linajua hivyo. Ndiyo maana makinda wa aina hii huitwa mapema na kuchezeshwa mapema, na wengine huachwa mapema kama Munir.

SOMO LA UPANDE HUU

Afrika ina mambo mawili ya kuondoka nayo hapa.

La kwanza ni la mashirikisho. Morocco haikumkosa Lamine kwa kukosa fedha wala heshima. Ilikutana na kijana ambaye tayari alikuwa na miaka kadhaa ndani ya jezi za vijana za Hispania. Wengine iliwapata kwa sababu iliwafikia wakiwa bado hawajafungwa. Taifa Stars nayo imeanza njia hii kwa kuwatumia kina Haji Mnoga na Tarryn Allarakhia, waliokulia Uingereza. Ni mwanzo mzuri, lakini kumpigia simu mchezaji aliyekwisha kuwa mtu mzima ni kuokota kilichobaki. Kazi ni kumjua yule wa miaka 14 aliyeko akademi leo, kuijua familia yake, kumwalika aje aone nyumbani kwao, na kumwacha aamue bila kusukumwa.

La pili ni la Fifa, na nchi za Afrika zina kura nyingi pale. Kama mechi za timu ya wakubwa alizocheza mtu kabla ya miaka 18 zisingehesabiwa kumfunga, hata za fainali, hakuna shirikisho lingekuwa na sababu ya kukimbizana na mtoto wa miaka 16. Anayestahili angeitwa kwa kiwango chake, si kwa hofu ya jirani. Akishakuwa mtu mzima angechagua, na uchaguzi huo ungeheshimiwa.

Juni 2026 Hispania inaanza Kombe la Dunia dhidi ya Cape Verde, taifa la visiwa lililojenga timu yake kwa kuwatafuta watoto wake waliozaliwa Uholanzi, Ureno, Ufaransa na hata Dublin. Lamine akiwa mzima, upande wa pili atawakuta vijana wenye hadithi inayofanana na yake. Morocco watamtazama na kusema ni wao, Guinea ya Ikweta hivyohivyo, na Rocafonda watasema huyu ni wa 304.

Wote wana haki ya kumshangilia. Ila Barcelona na Hispania ndizo zenye ratiba yake mkononi, na mpaka sasa zimeonyesha ustadi wa kumgombania kuliko wa kumpumzisha. Ansu Fati alikuwa na miaka 18 tu goti lake lilipoharibika.