Maana ya Majina ya Vuga: Kamusi Haitoshi

Utangulizi

Katika taaluma ya majina ya watu, swali linaloulizwa kwanza, na mara nyingi likawa ndilo la mwisho, ni hili: jina hili lina maana gani? Mtafiti hukusanya majina ya jamii fulani, huyapanga katika jedwali lenye safu mbili, jina upande mmoja na maana upande wa pili, kisha huyagawa katika makundi: majina ya misimu, majina ya wanyama, majina ya matukio. Kazi za namna hii zina manufaa yake, kwani bila orodha hapana uchambuzi. Hata hivyo, makala haya yanadai kuwa jedwali la safu mbili ni chombo kisichotosha kupimia maana ya jina la mtu, na kwamba likitumiwa peke yake hupotosha. Mfano utakaotumika ni ule wa majina ya Vuga, mji uliokuwa makao makuu ya watawala wa Kilindi katika milima ya Usambara, wilayani Lushoto.

Ulinganisho na Japani

Kabla ya kufika Vuga, inafaa kutazama jamii ya mbali ambako tatizo hili linaonekana waziwazi. Wajapani wana jina Yuki. Akiulizwa maana ya jina hilo, Mjapani makini hawezi kujibu mpaka alione limeandikwa. Likiandikwa kwa alama moja, ni theluji. Likiandikwa kwa alama nyingine, ni heri. Na ziko namna nyingine nyingi za kuliandika, kila moja na maana yake. Sauti ni ileile, lakini maana imo katika maandishi waliyoyachagua wazazi, na wazazi hao huchagua kwa kuangalia mambo mengi: matumaini yao juu ya mtoto, alama iliyomo katika jina la babu, uzuri wa mwandiko, na kwa baadhi yao hata hesabu ya mistari inayoaminiwa kuleta bahati. Serikali nayo ina orodha ya alama zinazoruhusiwa katika majina. Kwa miaka mingi daftari la familia liliandika alama tu bila kutaja zinasomwaje. Sharti la kuandika matamshi limeanza kutumika mwezi Mei, 2025.

Funzo la mfano huu si kwamba majina ya Kijapani ni ya ajabu. Funzo ni kwamba hata pale ambapo kila jina lina maana iliyochaguliwa kwa makusudi, maana hiyo haipatikani kwa kusikia neno na kufungua kamusi. Lazima ijulikane nani alichagua, alichagua nini na kwa nini. Kwa Wajapani, sehemu ya ushahidi huo huhifadhiwa na maandishi. Kwa Vuga, ushahidi huo ulihifadhiwa na masimulizi. Kwa hiyo mtafiti anayechukua majina ya Vuga na kuacha masimulizi yake ni sawa na yule anayeandika majina ya Kijapani kwa herufi za Kirumi kisha akayatafutia maana.

Mitego ya kufanana

Mtego wa kwanza unaomkabili msomaji wa Kiswahili ni ule wa maneno yanayofanana. Kiswahili na Kishambaa ni lugha za Kibantu zilizo jirani, na ujirani huo humfanya msemaji wa Kiswahili ajione ameelewa kabla hajaelewa.

Jina la Wakilindi ni mfano mzuri. Katika Kiswahili, kilindi ni mahali penye maji ya kina kirefu. Anayetegemea kamusi anaweza kuhitimisha kwa haraka kuwa watawala hawa walitoka baharini. Lakini masimulizi ya Wakilindi wenyewe, kama yalivyoandikwa na Abdallah bin Hemedi katika Habari za Wakilindi, yanawatoa upande wa bara, katika milima ya Nguu, na huko ndiko liliko eneo la Kilindi ambalo leo ni wilaya ya Mkoa wa Tanga. Maji ya kina kirefu hayahusiki.

Jina la Vuga nalo limepata msukosuko wake. Mmisionari Johann Ludwig Krapf, aliyefika huko mwaka 1848 na tena mwaka 1852, aliandika Fuga badala ya Vuga, na mtawala aliyempokea alimwandika Kmeri. Richard Burton, aliyefika pamoja na Speke mwaka 1857, naye aliandika Fuga, na mtawala akamwita Kimwere. Msomaji asiyejua Kishambaa, akikutana na Fuga katika vitabu hivyo, anaweza kabisa kulinasibisha jina la mji na kitenzi kufuga, na akapata maelezo ya kuridhisha kuhusu wafugaji wasiokuwapo. Hivyo ndivyo makosa ya tahajia yanavyozaa etimolojia.

Jina la mwanzilishi wa ukoo linadai uangalifu zaidi. Mbegha, ambaye Waswahili humwandika Mbega, analingana kwa sauti na mbega, yule kima mwenye manyoya marefu meusi na meupe. Tuseme kamusi imepatia. Imepatia nini? Masimulizi hayasemi kuwa Mbegha alikuwa mtu kwa sababu ya kima. Yanasema kuwa alikuwa kigego, mtoto aliyeota meno ya juu kwanza, na kwa desturi ya siku zile mtoto wa namna hiyo alihesabiwa kuwa nuksi. Yanasema alikosana na ndugu zake juu ya urithi, akaishi porini akiwinda nguruwe kwa mbwa wake, akawagawia watu wa milimani nyama na kuwaondolea wanyama waliokuwa wakiharibu mashamba. Njiani kwenda Vuga alimwua simba, na watawala waliomfuatia wakaitwa Simba Mwene. Mshambaa anayelisikia jina Mbegha husikia habari hiyo yote: nuksi iliyogeuka baraka, mgeni aliyegeuka mwenyeji. Safu ya pili ya jedwali, yenye neno kima, haina nafasi ya habari hiyo.

Kiambishi She-

Mtego wa pili ni wa kimofolojia. Majina mengi ya kiume ya Kishambaa huanza na She-, na jirani zao Wabondei, Wazigua na Wanguu wana Se-. Asili yake ni neno lenye maana ya baba yake, kwa hiyo She- hufasiriwa baba wa. Shebughe, jina la mwana wa Mbegha aliyetawala baada yake, lina kiambishi hiki juu ya Bughe. Uchambuzi huo ni sahihi kwa kiwango cha mofimu. Lakini ukiishia hapo, utadhani kuwa kila mwenye jina la She- alikuwa na mtoto aliyeitwa kwa hicho kinachofuata. Si lazima iwe hivyo. Jina la namna hii laweza kuwa la heshima, laweza kurithiwa kutoka kwa babu, na siku hizi kwa sehemu kubwa limekuwa jina la ukoo.

Mabadiliko haya ya mwisho yanastahili kuangaliwa na wanaisimujamii. Fomu za shule, vyeti vya kuzaliwa na vitambulisho hudai jina la mtu, la baba na la babu au ukoo. Jina lililokuwa likimtaja mtu mzima kwa heshima yake sasa hubebwa na mtoto wa siku moja, na hubebwa na binti pia, ambaye kwa mofimu zake anaitwa baba wa fulani. Jijini Dar es Salaam, maelfu ya abiria hulitaja jina la Shekilango kila siku, kwa kuwa barabara moja kubwa ilipewa jina la Hussein Ramadhani Shekilango, aliyekuwa waziri. Ni wachache kati yao wanaomsikia baba ndani ya jina hilo. Je, kiambishi hiki kina maana gani leo? Kamusi itasema baba wa. Matumizi yanasema: mtu wa milimani, wa ukoo fulani. Yote mawili ni kweli, lakini la pili halipatikani pasipo kuwauliza watumiaji.

Jina kama hoja

Ushahidi wenye nguvu zaidi umo katika jina Kimweri. Mtawala aliyempokea Krapf hukumbukwa kama Kimweri ye Nyumbai. Sehemu ya pili ya jina lake inasomeka wazi kwa mwanaisimu: Kishambaa hutumia -i pale ambapo Kiswahili hutumia -ni ya mahali, kwa hiyo nyumbai ni nyumbani, kama vile Shambaai ni mahali pa Washambaa. Ni Kimweri wa nyumbani. Mtawala huyo alifariki mwaka 1862, baada ya utawala mrefu ambao dola yake ilienea kutoka milimani mpaka pwani.

Baada yake ulizuka ugomvi. Kiti kilikaliwa na mjukuu wake, Shekulwavu. Semboja, mwana wa marehemu aliyekaa Mazinde kwenye njia ya misafara, alimwondoa Shekulwavu Vuga na kumtawaza mwanawe mwenyewe. Kijana huyo aliitwa Kimweri: Kimweri Maguvu. Basi wajukuu wawili walishindania kiti kimoja, na mmoja wao alikuwa na jina la babu. Hapa kuuliza Kimweri ni neno gani katika kamusi ni kuuliza swali dogo. Katika jamii ambayo mtawala alitazamiwa kuiponya nchi, kuleta mvua na kuzuia njaa, kumweka Vuga mtu mwenye jina la mfalme aliyetawala kwa neema lilikuwa ni dai la uhalali, hata kama nguvu zenyewe zilikuwa Mazinde.

Dai hilo halikuisha. Mwaka 1895 Wajerumani walimnyonga Mputa, mwana mwingine wa Semboja, na aliyewekwa baada yake alikuwa Kinyashi, jina ambalo tayari lilikuwa la baba yake Kimweri ye Nyumbai. Chini ya Waingereza alitawala Shebughe Magogo, jina la mwana wa Mbegha. Na Simba Mwene wa mwisho kabla ya utawala wa machifu kufutwa na serikali ya Tanganyika huru alikuwa Kimweri Mputa Magogo. Anayejua historia akilisoma jina hilo moja husoma ndani yake mfalme wa neema, aliyenyongwa na wakoloni, na mtawala wa enzi ya Waingereza. Asiyeijua husoma maneno matatu tu.

Pingamizi

Inaweza kusemwa kuwa haya ni kazi ya mwanahistoria, si ya mwanaisimu. Kwamba mwanaisimu hushughulika na mzizi na viambishi, na mengine huwaachia wenzake. Pingamizi hili lina uzito, kwani etimolojia iliyofanywa vizuri ndiyo iliyotuonyesha -i ya nyumbai na She- ya Shebughe. Lakini isimu yenyewe ilikwisha kukubali tangu zamani kuwa maana haitengwi na matumizi. Haiwezekani kanuni hiyo ikubaliwe katika salamu, methali na misimu ya vijana, kisha ikataliwe katika majina, ambayo ndiyo maneno yanayomgusa binadamu kwa karibu zaidi.

Liko pia suala la uadilifu. Jedwali likishachapishwa hunukuliwa. Wanafunzi wa leo hulinukuu kama ushahidi, na baada ya muda wenye majina wenyewe huanza kuambiwa na vitabu kuwa majina yao yana maana ambayo wazee wao hawakuijua. Kwa lugha iliyoandikwa kidogo kama Kishambaa, ambayo sarufi yake iliyoandikwa na Karl Roehl ilichapishwa mwaka 1911 kwa Kijerumani, kosa moja lililochapishwa laweza kudumu kwa vizazi kwa kuwa hapana kitabu cha pili cha kulisahihisha.

Hitimisho

Makala haya hayapendekezi kuacha kukusanya majina. Yanapendekeza kuwa kila jina linalokusanywa liambatane na majibu ya maswali manne. Kwanza, jina hutamkwaje na wenyeji, na limewahi kuandikwaje. Pili, limeundwa na mofimu zipi, kwa lugha ya wenyeji na si kwa kulinganisha na Kiswahili peke yake. Tatu, nani alimpa nani, na kwa tukio gani. Nne, ni nani aliyekuwa nalo kabla, na ni nani anayelirithi. Pasipo jibu la swali fulani, mahali pake paachwe wazi badala ya kujazwa kwa kubuni.

Utaratibu huu utapunguza idadi ya majina katika tasnifu moja, maana majina ishirini yaliyoelezwa hivyo yatachukua kurasa nyingi kuliko mia mbili ya jedwali. Hasara hiyo inavumilika. Wazee wa Vuga wanaoweza kusema jina fulani lilitoka kwa nani hawaongezeki, na cheti cha kuzaliwa hakina mahali pa kuandika habari zao. Kamusi inaweza kusubiri, masimulizi hayawezi.