Taa za sola za uani: Namba ya kwenye boksi yaweza kumponza mfanyabiashara wa Kismayo

Biashara ya taa za sola za kuangazia ua na bustani ina nafasi Kismayo na visiwa vya Wabajuni, lakini faida yake yaweza kuliwa na mizigo mibovu iwapo waagizaji wataendelea kununua kwa kutazama wati zilizoandikwa kwenye boksi.

Sababu za soko ziko wazi. Kismayo iko karibu kabisa na Ikweta, hivyo giza hudumu takriban saa 12 mwaka mzima. Umeme nchini Somalia huuzwa na makampuni binafsi, ambayo kwa miaka mingi yametegemea jenereta za dizeli, na bei yake ni kubwa. Aidha, tangu Desemba 2014 wakimbizi waliorejea kwa hiari kutoka Dadaab wamekuwa wakianza upya maisha mjini humo.

Tatizo liko kwenye hesabu. Chukua taa iliyoandikwa wati 200 lakini yenye paneli ya wati 10. Kwa saa 5 za jua kali, paneli hiyo huvuna wati-saa 50. Zikigawanywa kwa saa 12 za usiku, hubaki wati 4 tu, kabla ya kutoa kinachopotea kwenye betri. Ikiwaka kwa nguvu, itazimika mapema, na mteja atairudisha dukani. Kiwanda kiko mbali. Hasara ni ya muuzaji.

Hata hivyo, wati 4 za LED zinatosha njia ya miguu au mlango. Kwa ua wa kawaida, taa ndogo 3 au 4 zikiwekwa getini, kisimani, jikoni na chini ya mti hupendeza na kufaa kuliko taa moja kali inayomchoma jirani macho. Mwanga wa manjano uliofunikwa juu huvuta wadudu wachache. Katika visiwa kama Chula, Chovai na Koyama, taa isielekezwe ufukweni, kwani huwapoteza njia kasa wachanga wanapotafuta bahari.

Chumvi nayo haisamehe. Fremu ya alumini, skrubu zisizoshika kutu na kiwango cha IP65 cha kuzuia vumbi na maji ni mambo ya kudai kabla ya kulipa.

Kwa wasafirishaji, betri za lithiamu zilizo ndani ya vifaa huhesabiwa kuwa shehena ya hatari, namba UN 3481. Zisipotangazwa kwenye hati, mzigo waweza kuzuiwa. Mpaka wa nchi kavu kati ya Kenya na Somalia ulifungwa rasmi mwaka 2011, na ufunguzi uliotangazwa Mei 2023 uliahirishwa Julai mwaka huohuo. Bahari nayo huchafuka wakati wa Kusi, hasa Juni hadi Agosti, hivyo mzigo wa visiwani hupangwa kabla ya hapo.

Somalia ilikamilisha kujiunga na Jumuiya ya Afrika Mashariki Machi 2024, lakini uanachama peke yake haufuti ushuru. Kiwango kiulizwe bandarini kabla ya bei ya rejareja kupangwa.

Kwa ufupi, mwagizaji aulize mambo matatu: wati za paneli, wati-saa za betri, na dhamana ya maandishi. Asiyejibiwa, pesa zake zibaki mfukoni.