Fasihi Bila Ufasaha: Nani Ataihakiki Karatasi ya Dawa?

Husemwa mara kwa mara, tena na watu wenye shahada, kwamba Kiswahili hakiwezi kueleza sayansi kwa sababu hakina istilahi. Kwa miongo mingi tumelijibu dai hilo kwa kuunda istilahi. Makala haya yanashikilia kwamba dai lenyewe lilikuwa la uongo na jibu letu lilikuwa pungufu. Kinachokosekana katika maandishi mengi ya kitaalamu ya Kiswahili si maneno, bali ni sentensi. Na wa kulaumiwa kwanza si mwanasayansi, bali ni idara za fasihi, ambazo zimeiacha nathari ya maelezo ijilee yenyewe.

Tuanze na kisa kidogo. Oyugis ni mji wa soko kwenye barabara itokayo Kisumu kwenda Kisii, katika Kaunti ya Homa Bay, mahali ambapo nchi ya Waluo inakaribiana na ya Wagusii. Mchuuzi wa viazi vitamu kutoka Kabondo na mnunuzi kutoka upande wa Kisii aghalabu hukutana katika Kiswahili, si kwa kuwa ni lugha ya mama ya yeyote kati yao, bali kwa kuwa ndiyo njia panda yao. Siku moja ya soko, katika duka la pembejeo, mzee mmoja alinipa karatasi iliyofungwa pamoja na chupa ya dawa ya wadudu. "Japuonj," aliniambia, "wewe unafundisha Kiswahili, nisomee." Nilisoma mara tatu. Maneno yote niliyajua. Hata hivyo, sikuweza kumwambia dawa kiasi gani itiwe katika maji kiasi gani, wala kama kipimo kilichotajwa kilikuwa cha shamba zima au cha pampu moja. Msichana wa dukani, aliyekuwa akitusikiliza, alichukua kifuniko cha chupa akasema: "Jaduong', weka maji nusu ya pampu. Tia vifuniko viwili vya dawa, ukoroge. Kisha ujaze maji mpaka juu." Mzee alilipa akaenda zake.

Mtaalamu atasema kwamba kifuniko si kipimo cha kutegemewa, na atakuwa na haki. Lakini maelezo ya msichana yanasahihishika: ondoa "vifuniko viwili", weka idadi ya mililita, kila kitu kimekamilika. Karatasi ile haisahihishiki, kwa sababu haisemi nani afanye nini, wala lipi litangulie. Na hapa hatuzungumzii mapambo ya lugha. Dawa ya wadudu ni sumu. Ikitiwa chini ya kipimo, wadudu wanaosalia ndio wanaozaana, na dawa huishiwa nguvu. Ikizidi, sumu huishia mikononi mwa mkulima na katika mboga zinazopelekwa sokoni. Sentensi mbovu katika riwaya humchosha msomaji. Sentensi mbovu hapa huweza kumdhuru.

Sina nia ya kumshtaki aliyeiandika karatasi ile, kwa maana nimesoma nyingi za aina yake, na baadhi zimepita mikononi mwa wanafunzi tuliowatunuku shahada sisi wenyewe. Badala yake nitatunga mfano wangu. Kilomita chache tu kutoka Oyugis, na katika mashamba mengi ya magharibi mwa Kenya, mkulima wa mahindi anapambana na gugu ambalo Waluo huliita kayongo na ambalo Kiswahili hukiita kiduha. Huko Mbita, katika kaunti hiyohiyo ya Homa Bay, watafiti wa ICIPE, taasisi iliyoanzishwa na mwanasayansi Thomas Odhiambo mwaka 1970, walishirikiana katika miaka ya 1990 na wenzao wa Rothamsted, Uingereza, na wa hapa Kenya kubuni mbinu ya kupanda mahindi pamoja na mimea mingine ili kuwafukuza wadudu wanaotoboa mabua. Baadaye ilionekana kwamba mbinu hiyo hulipunguza gugu hilo pia. Sasa mtu aweza kuieleza habari hiyo hivi:

"Udhibiti wa kimelea hiki unafanikishwa kupitia utekelezaji wa upandaji mseto wa mimea jamii ya kunde yenye uwezo wa usababishaji wa uotaji-kifo wa mbegu zake."

Hakuna kosa la sarufi katika sentensi hii, na hakuna neno ambalo mwanafunzi wa shahada hawezi kulifahamu. Hata hivyo, imekufa. Tuihakiki kama tunavyohakiki ubeti. Ina kitenzi kikuu kimoja tu, "unafanikishwa", nacho hakisemi lolote, tena kimetendewa ili mtendaji afichwe. Matendo yote ya kweli yamegeuzwa majina: udhibiti, utekelezaji, upandaji, usababishaji, uotaji. Nani anapanda? Wapi, na pamoja na nini? Nani anaota, na kwa nini afe? Neno "kupitia" limebebeshwa mzigo wa Kiingereza. Sentensi hii haikuandikwa kwa Kiswahili. Ilifikiriwa kwingine, ikavishwa kanzu.

Tulinganishe na hii:

"Panda desmodiamu katikati ya mistari ya mahindi. Mizizi yake hutoa kemikali zinazoiamsha mbegu ya kiduha iliyolala udongoni. Mbegu huota, ikajaribu kujishika kwenye mzizi wa mhindi, ikazuiwa na kemikali nyingine za desmodiamu, ikafa. Ukiendelea hivyo msimu baada ya msimu, mbegu zilizomo shambani hupungua."

Je, sayansi imepotea? Haijapotea, imeongezeka. Msomaji sasa anajua mmea upi, upandwe wapi, unafanya kazi kwa sehemu gani, na matukio yanafuatana vipi. Tena tazama vyombo vilivyotumika. "Panda" ni amri. "Hutoa" ni kiambishi hu-, ambacho kazi yake ni kutaja jambo litokealo siku zote, yaani kanuni ya maumbile. "Ikajaribu, ikazuiwa, ikafa" ni -ka-, kiambishi cha tukio linalolifuata jingine. "Ukiendelea" ni -ki- ya sharti. Amri, kanuni, mfuatano na sharti: maelezo mengi ya kitaalamu hujengwa juu ya nguzo hizi, nazo Kiswahili kimezipanga zote ndani ya kitenzi. Lugha inayodaiwa kuwa haina uwezo ina vifaa ambavyo Kiingereza hulazimika kuvitafutia maneno ya pembeni.

Na ni nani anayevijua vifaa hivyo kuliko mwanafunzi wa fasihi? Hiyo -ka- ndiyo ile iliyobeba ngano alizosimuliwa na bibi yake, na tendi anazofundishwa darasani. Tumeandika tasnifu juu ya msuko, mfuatano wa matukio na nafsi ya msimulizi, kisha tukaacha kisa cha mbegu inayoamshwa na kufa kisimuliwe na kamati. Neno lenyewe linatusuta: fasihi na fasaha ni ndugu wa mzizi mmoja wa Kiarabu, na maana ya msingi ya mzizi huo ni usemi ulio wazi. Fasihi isiyojali ufasaha wa maelezo imelikana jina lake.

Watakuwapo watakaopinga. Wa kwanza atasema kwamba bila istilahi hapana sayansi. Tunakubali kwamba istilahi ni za lazima, na tunaiheshimu kazi iliyofanywa. Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili ya Dar es Salaam ilitoa Kamusi Sanifu ya Biolojia, Fizikia na Kemia mwaka 1990 na Kamusi ya Tiba mwaka 2003. Lakini kamusi ni ghala. Haijawahi kumpikia mtu. Miongo mitatu na zaidi baada ya kamusi ile ya kwanza, mzee wa Oyugis bado anatafuta wa kumsomea, na karatasi yake haikuwa na istilahi hata moja ngeni.

Wa pili atasema kwamba majina ya kidhahania ndiyo yanayoipa sayansi uhakika wake. Hoja hii ina chembe ya ukweli. Hatuwezi kuzungumzia uchavushaji au usanisinuru kila mara kwa kusimulia upya jinsi vinavyotokea. Lakini utaratibu uwe huu: jambo lielezwe kwanza kwa kitenzi, kisha lipewe jina. Watu wa Mbita hawakuwapelekea wakulima jina la Kilatini. Mbinu yao inajulikana kwa vitenzi viwili, Vuta-Sukuma: desmodiamu huwasukuma nondo watagao mayai kwenye mahindi, na nyasi za nepia zilizopandwa kandokando ya shamba huwavuta. Jina hilo limebeba maelezo yake lenyewe, na uhakika wake haukupungua.

Wa tatu, naye ndiye mwenzetu wa ofisi ya jirani, atasema kwamba karatasi ya dawa si fasihi. Tumwulize basi kwa nini husifu nathari ya insha za Shaaban Robert, ambazo nazo si ngano. Tumkumbushe pia kwamba gazeti la Mambo Leo, lililoanza kutolewa Tanganyika mwaka 1923, liliwafikia wasomaji wake kwa mashairi na kwa maelezo ya kilimo na afya katika kurasa zilezile. Kwamba kampeni ya Mtu ni Afya ya mwaka 1973 iliwafundisha Watanzania habari za magonjwa kwa redio na vikundi vya kusikiliza, ambako sentensi isiyoeleweka mara moja imekwisha potea hewani. Na kwamba Mahali Pasipo na Daktari, tafsiri ya kitabu kilichokusudiwa hapo mwanzo wanavijiji wa Meksiko, imesomwa na watu ambao hawatasoma makala haya kamwe. Hiyo ni nathari ya Kiswahili. Nani kati yetu ameihakiki?

Hatudai kwamba Kiswahili kichukue nafasi ya Dholuo katika mashamba ya Rachuonyo. Mkulima aelezwe kwa lugha aijuayo zaidi, na waandishi wa Dholuo wana kazi yao, iliyo sawa na yetu. Lakini Katiba ya mwaka 2010, katika kifungu cha 7, imekifanya Kiswahili kuwa lugha ya taifa na mojawapo ya lugha rasmi mbili. Lugha rasmi isiyoweza kumwambia raia atie dawa kiasi gani ni rasmi kwa sherehe tu.

Kwa hiyo tunapendekeza mambo matatu kwa idara zetu. Kwanza, kila mwanafunzi wa uzamili wa Kiswahili aandike, kabla ya tasnifu yake, ukurasa mmoja unaoeleza jinsi jambo moja la kitaalamu linavyofanyika, kisha amsomee mtu atakayelitenda. Na mtu huyo akishindwa kulitenda, ukurasa uandikwe upya. Pili, majarida kama hili yatenge nafasi ya kuhakiki vitabu vya kilimo, maelezo ya dawa na fomu za ridhaa za hospitali kwa ukali uleule tunaowatendea washairi. Tatu, sisi tunaosahihisha tasnifu tuache kutoa alama kwa ugumu. Mwanafunzi huyo anayejifunza kwetu kwamba "utekelezaji wa upandaji" ni usomi zaidi ya "kupanda" ndiye atakayeajiriwa kesho kutafsiri karatasi itakayofika Oyugis.

Msichana wa dukani hakusoma kwetu. Pengine ndiyo sababu alieleweka. Aibu hiyo ni yetu, na dawa yake tunayo.