Mnunuzi wa Shamba Lenye Kesi Asimame Barazani Mapema

Shamba la mikorosho Newala au Masasi huuzwa pamoja na miti yake, na wakati mwingine huuzwa pamoja na ugomvi wake. Kwa Wamakonde na Wamakua, ambao kwao ukoo wa mama umekuwa na uzito katika urithi, mtoto wa marehemu na mpwa wake wanaweza wote kuamini kwamba shamba ni lao. Operesheni Vijiji ya miaka ya 1970 nayo iliwahamisha watu mbali na mikorosho yao, na mipaka mingi ikabaki vichwani mwa wazee. Sasa shauri likiwa bado linasikilizwa, upande mmoja unauza. Je, mnunuzi aunganishwe katika shauri, au aachwe nje mpaka hukumu itoke?

Wanaotaka aachwe wana hoja. Kila anayeongezwa huja na majibu yake, mashahidi wake na tarehe nyingine ya kesi, huku mdai akizidi kuzeeka. Tena, aliyenunua akijua kuna kesi amejitakia mwenyewe.

Lakini kumwacha nje kunagharimu zaidi. Tangu 1983 Mahakama Kuu ilikwisha kueleza kwamba anayedai ardhi iliyouzwa amshitaki muuzaji pamoja na mnunuzi, na kwamba kumwacha mnunuzi nje ni kasoro inayoliangusha shauri. Miaka ya kuhangaika hufutwa, watu wakaanza upya. Hata hukumu ikisimama, mnunuzi huibuka wakati wa kuikazia na kuweka pingamizi. Mdai ameshinda kwenye karatasi, korosho anaokota mwingine.

Kuunganishwa hakumpi mnunuzi shamba. Kunampa nafasi ya kusikilizwa, na kunamfunga kwa hukumu. Sheria ya Mwenendo wa Madai inairuhusu mahakama kumwongeza mhusika katika hatua yoyote, hata pasipo maombi. Akishaingia, aulizwe kibali cha halmashauri ya kijiji ambacho Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999 inakidai. Muuzaji naye asiachiwe aondoke, kwa kuwa ndiye aliyepokea fedha.

Mzigo wa kumsaka mnunuzi usimwelemee mkulima asiye na wakili. Tangu 2021 Baraza la Kata haliamui tena migogoro ya ardhi. Linasuluhisha, na lina siku 30 kabla shauri halijafika Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Hapo ndipo pa kuuliza nani analima, nani amenunua, kwa nani na lini, na majibu yaandikwe katika taarifa ya usuluhishi. Halmashauri ya kijiji nayo isiidhinishe mauzo ya shamba lenye shauri mpaka liishe.

Haya hayahitaji sheria mpya wala bajeti. Yanahitaji wajumbe wa kata na viongozi wa vijiji watakaouliza mapema, ili hukumu moja imalize ugomvi wa wote watatu: anayedai, aliyeuza na aliyenunua.